Mliajiriwa Pamoja, Madaraja Yamepishana

Mdogo wangu mwalimu wa shule ya kata, barua yako nimeisoma yote, hata pale ulipoanza kuandika kwa herufi kubwa. Mliripoti halmashauri pamoja mwaka 2013, wote mna shahada, wote mkaanza na daraja la mshahara TGTS D, mkapangiwa shule moja. Leo mwenzako yuko G, wewe bado F, na unataka nikuambie kamhonga nani.

Ngoja kwanza. Wako wengi wanaoniletea kilio kama chako, ukichunguza unakuta wamelinganisha hela ya mkononi. Hiyo haikuambii kitu. Bodi ya Mikopo pekee inakata asilimia 15 ya mshahara wa msingi. Weka mfuko wa pensheni, PSSSF, asilimia 5, bima ya afya 3, chama 2, kodi, halafu ule mkopo wa benki ulionunulia kiwanja. Aliyemaliza deni la chuo na ambaye hajamaliza wanaweza kuwa daraja moja na bado mmoja akamaliza mwezi kwa kukopa dukani. Linganisheni daraja na tarehe ya kupanda cheo, basi.

Wewe umelinganisha daraja, kwa hiyo hoja unayo. Ila kabla ya kutafuta mhongaji, rudi nyuma hadi 2016. Mwaka ule serikali ilisimamisha kupandisha vyeo ili ihakiki watumishi hewa, na uhakiki wa vyeti ukafuata. Milango ilipofunguliwa, watu hawakupita kwa pamoja. Kuna aliyekosa fomu za OPRAS, zile za kupima utendaji, kwenye faili, kuna ambaye jina lilikosewa, kuna aliyekuwa masomoni bila barua ya ruhusa. Ukichelewa ngazi moja, na inayofuata inachelewa, kwa sababu muda wa kupanda tena unahesabiwa kuanzia tarehe ya cheo ulichonacho. Ndiyo maana ya mserereko mnaousikia: kuwavuta walioachwa wawafikie wenzao. Nawaambia ukweli, huo si upendeleo wala zawadi ya mkurugenzi, na mwalimu asijikunyate anapouomba.

Ibara ya 23 ya Katiba iko upande wako: ujira ulingane na kazi, bila ubaguzi. Lakini afisa utumishi hafungui Katiba, anafungua faili. Kwa hiyo andika barua. Yah: Ombi la kurekebishiwa daraja. Ipite kwa mkuu wa shule, iende kwa mkurugenzi, nakala kwa TSC wilaya, maana tangu Tume hiyo ya Utumishi wa Walimu ianze kazi, mambo ya vyeo vyenu yako kwao, ingawa mshahara unatoka kwa mwajiri. Ambatanisha barua ya ajira, ya kuthibitishwa kazini, na kila barua ya cheo. Taja cheki namba. Kurekebishiwa daraja ni jambo moja na malimbikizo ni jambo jingine, basi omba yote mawili, usije ukapewa la kwanza ukaambiwa la pili hukuliomba.

Halafu usimpe mtu mkononi korido! Barua ipeleke masjala, nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa na tarehe. Uliza imeingia folio namba ngapi. Wale dada wa masjala wanadharauliwa bure. Ndio wanaojua faili lako liko meza ya nani, na salamu haigharimu kitu. Barua isiyo na muhuri, miezi sita baadaye utaambiwa haikuwahi kufika, nawe utabaki kuapa.

Wakikaa kimya, andika ya kukumbushia ukitaja tarehe ya ile ya kwanza, kisha mpelekee mwakilishi wa chama. Hiyo asilimia 2 unakatwa kila mwezi, mtumie. Wale wanaokushawishi ukimbilie Tume ya Usuluhishi na Uamuzi wasikupeleke mbio: kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma kinataka umalize kwanza ngazi za ndani ya utumishi. Utarudishwa, na muda utakuwa umekwenda. Pia malalamiko ya kwenye grupu la WhatsApp la kata hayaingii kwenye faili la mtu.

Mwenzako sasa. Unasema hamsalimiani tangu mwezi wa tatu. Mdogo wangu, barua yake ya kupanda cheo ndiyo kielelezo chako kikubwa. Mtu wa ajira moja, sifa moja, shule moja, aliyetangulia: hapo ndipo afisa utumishi anakosa la kusema. Mwombe kopi. Akikataa, angalau akutajie tarehe na kumbukumbu namba. Ila umeandika pale chini kabisa, kwa mwandiko mdogo, kwamba una elfu hamsini yake ya tangu Januari. Mrudishie kwanza, ndipo uombe barua.