Dondoo Muhimu: Mchezo Unapogoma Kushuka Kwenye Kompyuta ya Mezani

Aghalabu mtu aonapo mchezo wake mdogo wa karata umekwama katika asilimia 99, hukimbilia kuulaumu mtandao, ilhali ila yenyewe huenda imo ndani ya kompyuta yake. Tazama kwanza saa iliyo pembeni mwa kioo: ikiwa kila uwashapo inarudi mwaka 2009, basi yamkini ile betri ya duara, CR2032, iliyo kwenye ubao mama imekwisha, na kivinjari, kwa kuona vyeti vya usalama vya tovuti havilingani na tarehe hiyo, hukataa katakata kuunganisha; sahihisha saa, kisha ubadili betri.

Nafasi nayo ni shauri jingine, kwani faili lililobanwa hudai mahali pake na mahali pa mchezo utakaofumuliwa humo, na diski ya FAT32, hata ikiwa tupu, haipokei faili moja la GB 4. Kinga ya virusi nayo huenda ndiyo iliyouzuia mchezo, lakini usiizime ovyo. Ipekue karantini yake, na mchezo urejeshe iwapo tu una yakini umetoka kwa mtengenezaji mwenyewe. Ama michezo ya Flash, usijitaabishe: Adobe iliacha kuihudumia programu hiyo mwisho wa 2020.