RAFIKI WA KWENYE SIMU

Leo tujifunze habari za mashine inayojifanya rafiki. Siku hizi ziko programu za simu zinazoongea na mtu kwa maandishi, hata kwa sauti. Ni kazi ya akili bandia. Unaandika, "Leo nimechoka." Nayo inajibu pale pale, "Pole sana, hebu niambie kimekuchosha nini." Hailali, hainuni, haibishi. Wala haiji kwako kuomba chumvi. Lakini ukifiwa, haiji matangani.

Ubaya uko wapi basi? Wenye programu hizi hupata faida mtu akikaa nazo muda mrefu. Mwaka 2025 watafiti wa Chuo Kikuu cha Harvard, Marekani, walieleza jambo la ajabu. Mtumiaji akiaga, baadhi ya programu humng'ang'ania. Humuuliza mbona anaondoka mapema, au humfanya aone kwamba anamwacha mwenzake mpweke. Kumbe hata kuaga ni kazi! Mtu akizoea hivyo, polepole jamaa na majirani huanza kuonekana wasumbufu, kwani wao hununa na hubisha.

Mwaka 2024 mama mmoja wa Florida aliishtaki kampuni ya Character.AI baada ya mwanawe wa miaka 14 kujiua. Alidai kwamba kijana alizama katika maongezi hayo mpaka akajitenga na watu. Novemba 2025 kampuni hiyo iliwazuia walio chini ya miaka 18 wasiendelee na maongezi ya namna hiyo.

Sheria nazo zimeanza. Huko New York, tangu tarehe 5 Novemba 2025, programu ya urafiki lazima imkumbushe kila mtumiaji kwamba haongei na binadamu. Imkumbushe mwanzoni, na tena kila masaa 3 maongezi yakiendelea. Sheria ya California ilianza tarehe 1 Januari 2026. Hiyo inataka watoto ndio wakumbushwe kila masaa 3, tena waambiwe wapumzike. Kote kuwili, anayesema anataka kujiua lazima aelekezwe penye msaada.

Sisi tunaona New York wamefanya vema kuwakumbuka watu wazima, maana mjane au mzee mpweke naye hunaswa. Ila masaa 3 ni mengi mno. Kwa muda huo mtu amelima kipande kizuri cha shamba. Na ule ujanja wa kumng'ang'ania anayeaga, sheria hizi mbili hazikuutaja.