Hewa Unayovuta: Jinsi Inavyopimwa na Maana ya Tarakimu Zake

Mnamo Julai 2009, watafiti wa Chuo Kikuu cha Nairobi na wenzao wa Chuo Kikuu cha Columbia, Marekani, waliwatuma wasaidizi wao mjini wakiwa na mikoba mgongoni. Ndani ya kila mkoba mlikuwa na pampu ndogo ya kuvuta hewa na chujio la kunasa vumbi. Katikati ya jiji walipima chini barabarani, kisha wakapima juu ya paa, kimo cha ghorofa ya tatu. Chini walipata mikrogramu 119.5 za vumbi laini katika kila mita moja ya ujazo wa hewa. Juu walipata 42.8.

Basi ukiulizwa hewa ya Nairobi ni chafu kiasi gani, utajibu nini? Utataja hewa ya mama anayeuza ndizi kando ya njia, au ya karani aliyeketi ghorofani juu yake? Siku hizi watu wengi hutazama hali ya hewa chafu kwenye simu kabla ya kutoka nyumbani, na ni jambo jema. Lakini tarakimu hiyo ina maana tu ukijua imepima nini, wapi, na kwa muda gani.

Tuanze na kinachopimwa. Moshi wa matatu, vumbi la barabara isiyo na lami, majivu ya takataka zinazochomwa nyuma ya soko, vyote huchanganyika hewani. Kinachotushughulisha zaidi sisi madaktari ni chembechembe zenye kipenyo cha mikromita 2.5 au chini yake. Wataalamu huziita PM2.5, hapa nitaziita vumbi laini. Mikromita moja ni milimita iliyogawanywa mara 1,000. Unywele wa kichwa chako ni mnene mara 20 au zaidi kuliko chembe moja ya vumbi hilo.

Vumbi kubwa, lile unalolikuta kwenye kola ya shati jioni, huzuiwa na nywele za pua na kamasi. Unapiga chafya, unapenga, yanakwisha. Vumbi laini halizuiliki hivyo. Hupita kooni, hupita mirija ya mapafu, likafika kwenye vifuko vidogo kabisa ambako damu huchukua oksijeni. Huko huchokoza pumu na mkamba, na kwa watoto wachanga huzidisha hatari ya kichomi. Chembe nyingine hupenya hadi kwenye damu. Ndiyo sababu tunalihusisha pia na mshtuko wa moyo na kiharusi, maradhi ambayo wagonjwa wengi hawadhani yana uhusiano wowote na moshi.

Njia ya kupima inayoaminika zaidi ni ya mizani, na haina miujiza. Chujio safi hupimwa uzito, hutiwa kwenye mashine, pampu huvuta hewa kupitia kwake, kisha chujio hupimwa tena. Tuseme pampu inavuta mita 1 ya ujazo kila saa. Kwa saa 24 imevuta mita 24. Ikiwa chujio limeongezeka uzito kwa mikrogramu 888, gawanya kwa 24: hewa ile ilikuwa na mikrogramu 37 kwa kila mita ya ujazo. Mikrogramu ni gramu moja iliyogawanywa mara milioni, kwa hiyo mizani yenyewe ni ya maabara na huwekwa katika chumba ambamo joto na unyevu havibadilikibadiliki. Jasho la kidole tu laweza kuharibu kazi ya siku nzima.

Chujio lina faida nyingine. Likimulikwa kwa eksirei maabarani, huonyesha madini yaliyomo, na kutokana nayo mtaalamu hukisia vumbi limetoka wapi. Hivyo ndivyo ilivyofanywa kwa machujio yaliyokusanywa Nairobi kati ya 2008 na 2010. Karibu robo tatu ya vumbi laini lilitokana na magari na udongo. Mwenye kusema kwamba shida yetu ni viwanda peke yake, hesabu hiyo haimuungi mkono.

Ubaya wa mizani ni kwamba hujibu kesho au wiki ijayo, na gharama yake si haba. Vifaa vidogo vinavyotundikwa ukutani na kutuma matokeo kwenye simu hutumia mwanga. Taa ndogo humulika hewa inayopita, chembechembe hutawanya mwanga huo, na kifaa hukadiria wingi wake. Ni vya bei nafuu na hujibu papo hapo. Lakini havipimi uzito, vinakisia tu. Asubuhi ya Julai yenye ukungu, chembe hunywa maji na kuvimba, na kifaa kikadhani vumbi limeongezeka kuliko lilivyo. Kwa hiyo kifaa cha mwanga hakina budi kuwekwa kwanza ubavuni mwa mizani, kirekebishwe, ndipo kiaminiwe.

Mapema mwaka wa 2017 watafiti wa Chuo Kikuu cha Birmingham, Uingereza, na wa Chuo Kikuu cha Nairobi walivitumia vifaa vya namna hiyo, wakavisahihisha kwanza. Kimoja kilikuwa katika kituo cha zimamoto barabara ya Tom Mboya, kingine katika jengo la chuo mbali kidogo na magari, na cha tatu Nanyuki. Wastani wa vumbi laini ulikuwa 36.6 Tom Mboya, 24.8 chuoni na 13.0 Nanyuki. Kumbuka kwamba kutoka Tom Mboya hadi chuoni ni mwendo wa miguu tu.

Umbali ndio siri kubwa. Wale wenye mikoba ya 2009 walipima pia kutoka kwenye makutano makubwa ya barabara wakifuata upepo unakoelekea. Kwenye makutano vumbi laini lilikuwa mikrogramu 128.7. Mita 100 mbele lilikuwa limeshuka hadi 18.7. Mita 100 ni urefu wa uwanja wa mpira! Kwa mwenye pumu anayesubiri matatu, au kwa anayetafuta shule ya chekechea, mita hizo zina uzito kuliko dawa nyingi ninazoandika.

Wakazi wa magharibi mwa jiji hupenda kuamini kwamba hewa chafu ni shida ya Eneo la Viwanda. Upepo hauijui mipaka hiyo. Hapa Nairobi huvuma mara nyingi kutoka upande wa mashariki, kwa hiyo hewa iliyokwisha pita viwandani na katikati ya jiji ndiyo huelekea Westlands, Kawangware na Dagoretti. Huko nako huongezewa ya kwao. Waiyaki Way ina magari mchana kutwa, na tangu 2022 barabara kuu ya Expressway huyateremsha mengine karibu na James Gichuru. Lavington, mwenye nyumba ana ua na miti kati yake na barabara. Kangemi, malori yanayopanda kuelekea Nakuru hupita karibu na mlango. Kifaa kilichotundikwa kwa jirani wa Lavington hakiwezi kumsemea mtu wa Kangemi, hata kama ramani ya simu imewapaka rangi moja.

Sasa muda. Shirika la Afya Duniani lilipunguza viwango vyake mwaka wa 2021: vumbi laini lisizidi wastani wa mikrogramu 5 kwa mwaka, au 15 kwa saa 24. Kanuni za Kenya za 2014 ziliruhusu 35 kwa mwaka na 75 kwa saa 24. Hewa moja yaweza kuwa halali kwa sheria yetu na bado ikawa mara kadhaa juu ya kipimo cha Shirika hilo. Tena, usilinganishe kipimo cha saa moja jioni, wakati magari yamefungana, na kiwango cha mwaka mzima. Wengi hufanya hivyo wakaingiwa na hofu bure, na wengine hutazama wastani wa mwaka wakajituliza bure.

Kuna mtego mwingine. Programu nyingi za simu hazionyeshi mikrogramu bali alama za Kimarekani, kuanzia 0 hadi 500, pamoja na rangi. Alama 100 si mikrogramu 100, ni kama mikrogramu 35 tu. Rangi ya kijani hufika mikrogramu 9, na kabla ya 2024 ilifika 12. Kwa hiyo kijani chenyewe kinaweza kupita ile 5 ya mwaka.

Halafu kuna yale ambayo vifaa vya vumbi havioni kabisa. Hewa ya naitrojeni daioksaidi, itokayo zaidi kwenye injini, hupimwa kwa mrija mdogo wa plastiki wenye dawa ndani, unaotundikwa kwenye mlingoti wiki 2 hadi 4, kisha ukapelekwa maabara. Ozoni ina vipimo vyake. Idara ya Utabiri wa Hali ya Hewa, pale Dagoretti Corner, ilianza katika miaka ya 1990 kurusha maputo ya kuipima juu angani, kazi muhimu ambayo hata hivyo haikuambii lolote kuhusu moshi wa Ngong Road.

Hatari zaidi ni kaboni monoksaidi ya jiko la makaa. Haina rangi wala harufu, na hushikamana na damu mara zaidi ya 200 kuliko oksijeni. Kifaa cha vumbi chaweza kuonyesha kijani huku familia imelala chumbani inakufa. Jiko la makaa likae nje usiku, hata kama ni Julai.

Mama mmoja wa Kangemi aliniletea mtoto anayekohoa na kukoroma kifuani kila usiku, akanionyesha simu: hewa ya mtaani ilikuwa njano tu. Nilimuuliza wanapikia wapi. Ni chumba kimoja, stovu ya mafuta taa iko futi chache kutoka kitandani. Simu haikusema uongo. Ilipima ng'ambo ya barabara.

Kwa mwenye pumu kuna kipimo kingine ambacho ni chake peke yake. Maduka makubwa ya dawa huuza mita ya kupima pumzi, mrija wa plastiki wenye mshale. Simama wima, vuta pumzi hadi mwisho, kisha puliza kwa nguvu na kwa haraka. Rudia mara 3, uandike tarakimu ya juu. Fanya hivyo asubuhi na jioni kwa wiki 2 ukiwa huna shida, upate kiwango chako bora. Baada ya hapo, ukipata asilimia 80 au zaidi ya kiwango hicho, endelea na shughuli zako. Kati ya 50 na 80, tumia dawa kama daktari wako alivyokuelekeza, uepuke barabara kuu siku hiyo na umwone mapema. Ikishuka chini ya nusu, vuta dawa ya inhela ya buluu papo hapo na uende hospitali, hata kama simu inasema hewa ni safi.