Kabla Pesa za Chama Hazijatoka

Mdogo wangu, hebu keti. Chama chenu kimeonyeshwa ploti za bei nafuu, hewa safi, miti mirefu nyuma yake, na broka anawaambia mkichelewa wiki hii zimeenda. Najua moyo unavyodunda. Mtu aliyelipia bedsita Kayole miaka nenda miaka rudi, akionyeshwa udongo wa kuuita wake, huona nyumba kabla hajaona mipaka. Sikulaumu. Lakini ile miti mirefu, umeuliza ni ya nani?

Utaniambia hatimiliki ipo. Hata kwenye Msitu wa Maasai Mau, kule Narok, wengi walikuwa nazo, na muhuri wa serikali juu. Mipaka ya ranchi za jamii ilivutwa ikaingia msituni, mashamba yakagawanywa, yakauzwa, watu wakalima na kusomesha watoto. Mwaka 2018, na tena 2019, serikali ileile ikaja kuwatoa. Wote walikuwa wezi? Hapana, wengine walilipa jasho lao. Ila Katiba ya 2010 hailindi mali itakayothibitika kupatikana kinyume cha sheria, na kilio cha “mimi nilinunua tu” hakikufikishi mbali. Kampuni ya Dina Management ilijaribu. Ilinunua kiwanja Nyali, Mombasa, karibu na ufuo, na wa kwanza kugawiwa, mwaka 1989, alikuwa Rais Moi mwenyewe. Tarehe 21 Aprili 2023 Mahakama ya Juu ikasema ile ilikuwa ardhi ya umma, haikutolewa kwa kufuata sheria, basi aliyenunua baadaye hakupata kitu. Jina la rais halikuokoa kiwanja. La broka wako je?

Na nyinyi mnaotembea na barua ya kugawiwa ardhi ndani ya karatasi ya nailoni, mnisikie. Septemba mwaka huohuo, katika kesi ya Torino Enterprises, kuhusu ardhi ya hapa jirani Embakasi iliyogombaniwa na jeshi, Mahakama ya Juu ilisema barua hiyo peke yake haikupi umiliki. Naona umenuna. Nuna, lakini usilipe.

Serchi ifanye, ila serchi itakuambia ardhi iko kwa nani leo. Wewe tafuta ilikotoka. Chukua mpima ardhi mwenye leseni, alinganishe ploti na ramani za zamani, kisha muulize Huduma ya Misitu kama pale ni msitu wa umma. Ukiambiwa ploti ilishaondolewa msituni, omba tangazo la Gazeti la Serikali. Kwa sheria ya misitu ya 2016, msitu wa umma haupunguzwi kwa neno la chifu. Bunge lazima liidhinishe. Kuuliza si ujinga, hata wenzako wakikuita mwoga.

Usije sasa ukaogopa hata miti ya baba kule nyumbani. Mikaratusi aliyoipanda kwenye shamba lake ni yake. Sheria hiyohiyo inatambua misitu ya watu binafsi, na kuisajili si kuikabidhi serikali. Wala si kila mara serikali ikisema “msitu” imesema kweli yote. Watu wa jamii ya Waogiek walitolewa Mau, wakaenda Mahakama ya Afrika jijini Arusha, na tarehe 26 Mei 2017 wakaishinda Kenya. Lakini hao walidai nchi ya mababu zao. Usijifananishe nao kwa risiti ya juzi.

Na kama ulishalipa? Ole wako umuuzie mwingine ili mzigo umwangukie yeye. Usimfiche mumeo wala wenzako wa chama. Siri hizi hutafuna ndoa kabla tingatinga halijafika. Kusanya risiti, mkataba na jumbe zote za simu, uende kwa wakili umdai aliyekuuzia. Huna pesa ya wakili? Kituo Cha Sheria husaidia wasio na uwezo. Nenda mapema, kabla muuzaji hajabadilisha laini.