Somo la Falaki: Vijiwingu Visivyokwenda na Upepo



Ndugu msomaji, usiku mmoja wa mwezi wa Novemba tulikuwa ufukweni, pasipo taa wala mbalamwezi. Mwanafunzi wangu mmoja, mtoto wa baharia, akanionyesha upande wa kusini weupe mdogo mfano wa wingu, akaniuliza, "Maalim, wingu lile mbona haliendi?" Nikamjibu kwa haraka kwamba ni wingu kama mawingu mengine, litakwenda upepo ukivuma. Kesho yake, saa ile ile, akaja kuniambia, "Maalim, lipo pale pale." Niliona haya, kwani nilikuwa nimemjibu jambo nisilolijua. Haya niandikayo ni jawabu niliyompa baada ya kusoma, wala simo katika habari za wapiga bao wanaomtazamia mtu nyota yake; hiyo si elimu tuisomayo hapa.

Katikati ya mwezi huo wa Novemba, yapata saa tatu za usiku, mtu aliyesimama katika pwani yetu ataona mambo matatu. Kusini kipo kijiwingu kile. Mashariki kipo Kilimia, ambacho Waarabu hukiita Thurayya. Na kaskazini, kama mbingu ni safi, kipo kidoa hafifu katika nyota ziitwazo Andromeda. Akingoja mpaka usiku wa manane, zitakuwa zimepanda nyota tatu zilizopangana mstari mmoja, nazo ni mshipi wa Jabari. Na kusini yake kidogo ataona nyota moja iliyofifia kama iliyofunikwa na moshi. Kwa jicho, vyote hivi hukaribia kuwa kitu kimoja, yaani weupe usio na mpaka. Kuvipambanua kuliwachukua wataalamu zaidi ya miaka 900.

Aliyetuachia habari ya kale kabisa ya kile kidoa cha kaskazini ni Abd al-Rahman al-Sufi, mzaliwa wa Rayy katika Uajemi, katika kitabu chake cha sura za nyota cha mwaka 964, yaani 353 wa Hijra. Alizipitia nyota za Batlamyus moja moja, akasahihisha daraja za mwanga wake, na alipofika hapo akaandika kwamba pana doa la mawingu. Hakuwa na darubini, wala hakudai zaidi ya alichokiona. Mimi hupenda sana adabu yake hiyo.

Darubini ilipokuja, Galileo katika mwaka 1610 alikitazama Kilimia, ambacho kwa jicho hatuoni ila nyota sita au saba, naye akachora 36. Hapo watu wakadhani kwamba kila kijiwingu, kikitazamwa kwa darubini kubwa ya kutosha, kitageuka kuwa nyota. Mfaransa Charles Messier, aliyekuwa akiwinda nyota zenye mkia, alichoka kudanganywa na vijiwingu hivi, akaviandika katika orodha ili asivirudie. Hata kufika mwaka 1781 vilikuwa 103. Humo Andromeda ni ya 31, kile cha Jabari ni cha 42, na Kilimia ni cha 45. Vitu vya namna tatu vimo katika daftari moja, wala mwenyewe hakujua.

Namna ya kwanza ya kutenganisha ilipatikana mwaka 1864. Mwingereza William Huggins aliipitisha nuru ya kijiwingu kimoja katika kioo kigawanyacho nuru kwa rangi zake. Badala ya rangi zilizofuatana kama za upinde wa mvua, akaona mistari michache tu yenye kung'aa. Nuru ya namna hiyo hutoka katika hewa nyembamba iliyopata moto. Basi kile si nyota zilizosongamana, na hata darubini kubwa namna gani isingeweza kukitenga kuwa nyota. Hii ndiyo iitwayo nebula, na kile cha Jabari ni katika jinsi hiyo.

Likabaki swali la masafa, nalo ndilo lililokuwa gumu kuliko yote. Ukiona taa moja baharini usiku, hujui kama ni kandili iliyo karibu au taa kubwa iliyo mbali. Ukipata kujua nguvu ya taa yenyewe, hapo utaweza kuhesabu masafa. Nguvu hiyo ilijulikana kwa kijiwingu chetu hiki cha kusini! Bibi Henrietta Leavitt, wa Harvard katika Marekani, alichunguza picha zake zilizopigwa Peru, kwani huko kwao hakionekani. Mwaka 1912 alieleza habari za nyota 25 za humo ambazo hung'aa na kufifia kwa zamu, akaonyesha kwamba kila iliyo na nguvu zaidi, zamu yake ni ndefu zaidi. Kwa kuwa zote zimo katika kijiwingu kimoja, masafa yake kwetu ni kama sawasawa, na tofauti ya mwanga wake ni tofauti ya kweli. Basi hesabu siku za zamu, utajua nguvu ya taa.

Mwaka 1920 wataalamu wawili, Harlow Shapley na Heber Curtis, walihojiana katika mji wa Washington. Shapley alisema kwamba vijiwingu vyenye umbo la mzunguko, kama Andromeda, vimo ndani ya mkusanyiko wetu wa nyota. Curtis akasema viko nje, na kila kimoja ni mkusanyiko wa peke yake. Mwaka 1923 Edwin Hubble alipata katika Andromeda nyota moja ya zile za Bibi Leavitt. Akahesabu zamu yake, ikatoka miaka ya nuru karibu 900,000, na nuru hukata maili 186,000 kwa kila sekunde. Curtis alikuwa amepata katika jambo hilo. Bibi Leavitt hakuyaona, alikwisha kufa mwaka 1921. Hata hesabu ya Hubble ilikuwa pungufu. Mwaka 1952 ilidhihirika kwamba nyota hizo ni za namna mbili, na leo wataalamu wahesabu miaka milioni mbili na nusu.

Basi Kilimia ni kundi la nyota lililo mbali nasi miaka ya nuru 440 hivi, nazo zilizaliwa pamoja. Nebula ya Jabari ni hewa na vumbi, umbali wake ni kama 1,300, na ndani yake nyota zaendelea kuzaliwa hata sasa. Ziko nebula nyingine ambazo ni mabaki ya nyota zilizokufa, kama ile ya kwanza katika orodha ya Messier, ambayo kupasuka kwa nyota yake kulionekana na Wachina mwaka 1054. Na Andromeda ni galaksi, yenye nyota kwa mamia ya mabilioni, kama hii yetu ambayo ukanda wake mweupe Waarabu huuita majarra.

Na kijiwingu cha yule mwanafunzi pia ni galaksi, ila ni ndogo na haina umbo lililopangika. Kando yake kabisa iko kama nyota moja yenye ukungu. Hiyo ni kundi la mviringo la nyota nyingi mno. Kwa jicho utadhani ni majirani. Kundi lile liko umbali wa miaka ya nuru 15,000 hivi, na kijiwingu kama 200,000.

Atakaye kuviona na achague usiku wa mwisho wa mwezi wa Kiislamu au wa mwanzo wake, mwezi mwandamo ukiisha kuzama, aende mbali na taa, angoje robo saa ili macho yazoee giza. Na kile cha Andromeda asikikazie macho. Atazame kando yake kidogo, ndipo kitakapotokea.