Viwavijeshi: Anza Kukagua Nyasi Kabla ya Mahindi

Mvua inapoanza baada ya kiangazi kirefu, nyasi huchipua upesi. Wakati huo huo, nondo mdogo wa rangi ya kijivu na kahawia, mwenye mabawa ya upana wa takriban sentimita 3, huletwa na upepo usiku. Nondo mwenyewe hatafuni mimea. Wanaotafuna ni watoto wake, viwavijeshi.

Jike hutaga mayai kwa mafungu na kuyafunika kwa vinyweleo vyeusi vya mwili wake. Mayai huanguliwa baada ya siku 2 hadi 5. Kiwavi hula kwa wiki 2 hadi 3, kisha hujifukia udongoni na kuwa pupa. Nondo wapya wakitoka, huenda na upepo hadi mashamba ya mbali.

Chakula chao ni jamii ya nyasi na ndago. Kwa hivyo mahindi, mtama, wimbi, mpunga, ngano na miwa michanga imo hatarini, lakini maharagwe kwa kawaida huachwa. Mara nyingi huanzia malishoni, ambako hakuna anayekagua. Wakiwa wachache huwa kijani, hawaonekani kwa urahisi. Wakisongamana hugeuka weusi wenye mistari ya manjano na kuanza kutembea kwa makundi, mchana kweupe.

Wasichanganywe na yule mgeni kutoka bara la Amerika aliyethibitishwa nchini mwaka 2017. Huyo hujificha katikati ya mhindi, na karibu na mkia ana madoa manne meusi yaliyopangika kama mraba.

Mkulima, fungua nyasi hadi shinani asubuhi na utafute majani yaliyochubuliwa. Dawa husaidia viwavi wakiwa chini ya sentimita 1. Sehemu kubwa ya chakula chake chote, kiwavi huila siku za mwisho kabla ya kuingia udongoni. Ukinyunyiza wakati huo, utakuwa umepoteza pesa na mahindi pia.

Wafugaji nao wasiharakishe kurudisha ng'ombe kwenye malisho yaliyoshambuliwa, hata nyasi zikichipua vizuri. Vifo vya mifugo vimewahi kuripotiwa. Palipopigwa dawa, fuata muda ulioandikwa kwenye kibandiko.

Ukiwaona, mwarifu afisa wa kilimo wa wadi yako siku hiyo hiyo. Mweleze ukubwa wao, rangi yao na upande wanakoelekea.