Jiwe Lina Wenyewe

Bamvua la kwanza nililokwenda pwani Jambiani, bibi aliyenichukua alinipa kazi moja kwa saa nzima: kurudisha mawe. Kila jiwe nililoligeuza kutafuta tondo, nililaze tena upande uleule. "Mwanangu, jiwe lina wenyewe," aliniambia. Chini yake mlikuwa na kaa wadogo na mayai. Wakiachwa juani, hawayangoji maji. Nawe anza na hilo, kabla hujashika fimbo.

Kisha tazama mwezi. Bahari hutoka mbali zaidi mwezi unapoandama na unapotimia, pamoja na siku chache zinazofuata. Pwani hii ya mashariki ya Unguja, siku hizo maji hukauka kabisa kwenye saa nne asubuhi, na kila siku huchelewa kwa kiasi cha dakika 50. Sisi tulitoka saa mbili na nusu, tukiyafuata yanavyokupwa. Siku za maji mafu usijisumbue.

Vaa viatu vya mpira vinavyofunika vidole, maana kandambili huzama matopeni. Usiokote kome mwenye umbo la pia, hata akiwa na marembo ya kuvutia: ana mwiba wa sumu, na wengine huua mtu.

Pweza ndiye anayetaka macho. Nilipita mashimo yake mara tatu bila kuyaona. Bibi akanionyesha: magamba ya kaa na makombe matupu yametupwa mlangoni, na vijiwe vimesogezwa kuuziba. Ingiza fimbo taratibu, usichome. Pweza mwenyewe ataikamata. Utasikia mkono mzima unavutwa. Mvute polepole mpaka kichwa kitoke. Tumia mti. Nondo huvunja mwamba, na shimo likibomoka halikai tena pweza, ilhali bibi huyu ana mashimo anayoyarudia tangu usichana wake.

Shimo la nne alichungulia, akachomoa fimbo. Darini palining'inia vishada vyeupe, kama punje za mchele zilizotungwa uzini. Jike huyalinda mayai hayo bila kula, na yakishaanguliwa hufa. Ukimtoa leo, umetoa na wote hao. Kisiwa Panza, kule Pemba, wavuvi hufunga sehemu ya mwamba kwa miezi ili pweza wakue na kutaga; nilipoviona vile vishada nilielewa kwa nini watu wanakubali kungoja. Bibi alirudisha vijiwe mlangoni kimoja kimoja.

Maji yalipoanza kugusa vifundo vya miguu tuligeuka mara moja, kwa sababu hujaza mikondo ya nyuma yako kwanza. Kikapuni mlikuwa na pweza wawili na tondo za mchuzi.

Nyumbani, mpige pweza juu ya jiwe mpaka alegee. Mweke sufuriani bila maji, atatoa yake. Usimtie chumvi mpaka uonje. Akishalainika, mimina tui zito, ndimu na pilipili, kisha punguza moto.